Abushiri alikuwa jemadari wa nani?

Barazani kwetu Ngamiani, hapa Tanga, kahawa haijapoa mtu keshaanzisha hoja. Safari hii hoja ililetwa na binti wa kidato cha tatu aliyekuja kumfuata babu yake, daftari mkononi. Mwalimu kawapa kazi: eleza kama Abushiri bin Salim, yule wa Pangani aliyepigana na Wajerumani, alikuwa shujaa. Swali la mstari mmoja tu, lakini kashata ziliisha sahanini na watu wazima tukabaki pande tatu. Mmoja anasema huyo ndiye wa kwanza kumtia adabu Mdachi, yaani Mjerumani, apewe heshima yake. Wa pili anasema heshima ipi, Mwarabu yule alikuwa akipigania watumwa wake. Wa tatu akaapa kwamba Abushiri alinyongwa Bagamoyo, kwenye vita vya Majimaji. Binti akafunga daftari. "Babu, twende," akasema.

Nilimwonea huruma, kwa sababu sisi tuliopaswa kumsaidia ndio tuliomchanganya. Na si yeye peke yake. Kila jina la mtu wa zamani linapotajwa mitandaoni, iwe kwa barabara au kwa sanamu, ubishi ni uleule: shujaa au muuza watu? Nimeandika haya kwa ajili yake, na kwa yeyote aliyewahi kutoka barazani akiwa na maswali mengi kuliko aliyoingia nayo.

Nianze na jepesi. Abushiri hakupigana Majimaji. Majimaji ni ya 1905 hadi 1907, ilianzia Umatumbi kule kusini, na wakati huo Abushiri alikuwa kaburini miaka 15 na zaidi. Wala hahusiki na vita vya Tanga vya Novemba 1914, vile ambavyo wazee wetu huvikumbuka kwa nyuki waliowashambulia askari wa Waingereza. Vita vyake ni vya 1888 na 1889. Na alinyongwa Pangani, si Bagamoyo, tarehe 15 Desemba 1889. Bagamoyo kuna jiwe la ukumbusho karibu na bahari, mahali Wajerumani walipokuwa wakinyonga watu waliowapinga. Ni mahali pa kusimama na kunyamaza, lakini waliofia pale ni wengine.

Sasa maneno, maana nusu ya ubishi wetu ni maneno. Mrima ni ukanda wa bara unaoitazama Unguja, kuanzia mpaka wa Kenya wa leo kuteremka hadi upande wa Rufiji na Kilwa. Liwali ni mtu aliyewekwa na Sultani wa Unguja kuusimamia mji kwa niaba yake. Jumbe ni mkubwa wa mji mwenyewe, mwenyeji, mara nyingi wa ukoo unaojiita Washirazi. Huyu hakuwekwa na sultani, alirithi. Majumbe walikuwa na haki zao za asili, na iliyo kubwa kuliko zote ni kula katika biashara ya misafara iliyotelemka pwani na pembe za ndovu. Njia nzima ya msafara, mkubwa wa kila nchi alikuwa na ada yake ya kupitisha watu, ikiitwa hongo. Wakati huo hongo halikuwa neno la aibu. Ilikuwa ada halali, mwenye nchi anaidai hadharani na msafiri anailipa hadharani.

Ukitaka kuielewa Mrima ya siku hizo, fikiria nyumba ya ukoo. Wenyeji wamo ndani tangu mababu, kila mmoja anajua chumba chake na mnazi wake uani. Kuna mkubwa mmoja wa ukoo aliyehamia ng'ambo. Bendera juu ya paa ni yake, forodhani anachukua chake, lakini jikoni haingii. Siku zinakwenda kwa kuvumiliana. Kisha tarehe 28 Aprili 1888 mkubwa huyo, Sultani Khalifa bin Said, ambaye hakuwa na hata miezi miwili tangu aukalie ufalme wa ndugu yake Barghash, akatia saini mkataba wa kuikodisha nyumba yote kwa Kampuni ya Kijerumani ya Afrika Mashariki. Forodha, kodi, ardhi, utawala. Waliomo ndani hawakuulizwa.

Kampuni hii ilitokana na safari ya Carl Peters ya mwaka 1884, aliyezunguka Uzigua, Nguu, Usagara na Ukami akikusanya alama za watemi na majumbe kwenye karatasi ambazo wengi wao hawakuweza kuzisoma. Ilikuwa kampuni kweli, ya watu wenye hisa wanaotafuta faida. Tofauti yake na kampuni tunazozijua leo ni kwamba hii ilipewa na serikali yao kibali cha kutawala watu.

Agosti 1888 mpangaji mpya aliingia, na hakubisha hodi. Pangani aliletwa ofisa wa kampuni aitwaye Emil von Zelewski, ambaye watu walimbandika jina la Nyundo. Akataka bendera ya kampuni ipandishwe kando ya ile ya sultani, akataka liwali awe chini yake. Liwali alipokataa, Wajerumani wakateremsha askari wa manowari kuja kumtafuta. Zilikuwa siku za Idi ya Mfunguo Tatu, mji umejaa. Wakaingia msikitini na viatu, na mbwa.

Habari ya mbwa msikitini inasimuliwa Pangani mpaka leo, na kila anayeisikia anaelewa bila kufafanuliwa. Lakini ningependa tusiishie hapo, kwa kuwa tukiishia hapo tunawafanya watu wale wawe watu wa hasira ya siku moja. Walikuwa na hesabu zao pia. Kampuni ilikuja na kanuni za kuandikisha nyumba na mashamba, kila mtu alete ushahidi kwamba mali ni yake. Muulize mtu yeyote aliyerithi shamba la minazi kwa babu yake kwa neno la mdomo na mashahidi waliokwisha kufa, atakwambia maana ya agizo kama hilo.

Na sasa jambo ambalo nadhani ndilo la kwanza kushikwa, na ambalo barazani halikutajwa kabisa. Vita hivi Abushiri hakuvianzisha. Vilianzishwa na watu wa mji. Ulikuwa msimu wa misafara, na miji ya Pangani na Bagamoyo ilijaa wapagazi kutoka bara, Wanyamwezi na wengineo, wanaosubiri pembe ziuzwe wapate ujira wao. Wakaungana na wavuvi, na vijana wa mitaani, na watumwa waliotoroka, ambao watu wa pwani waliwaita watoro. Mwanzoni mwa Septemba wakamzingira Nyundo na wenzake ndani ya nyumba. Aliyekuja kumwokoa ni Lloyd Mathews, Mwingereza aliyekuwa mkuu wa jeshi la sultani. Akamtoa Nyundo salama, akabaki kutuliza mji. Haikupita muda naye akafukuzwa. (Nyundo mwenyewe Mungu alimpa miaka mitatu zaidi: aliuawa na Wahehe wa Mkwawa kule Lugalo mwezi Agosti 1891.)

Tulitazame hilo kwa makini. Watu walimfukuza Mjerumani, kisha wakamfukuza na mtu wa sultani. Ndipo unapogundua kuwa mle ndani mlikuwa na vita zaidi ya kimoja. Kimoja ni cha Mrima na kampuni. Cha pili ni cha Mrima na Unguja, yaani wenyeji na yule mkubwa aliyekodisha nyumba yao. Cha tatu ni cha wenyewe kwa wenyewe, ndani ya miji: jumbe anayetaka kusuluhisha na kijana anayetaka kupigana, tajiri mwenye mali ya kupoteza na mpagazi asiye na kitu, mtumwa na bwana wake. Ni kama siku soko zima linapogoma. Muuza samaki anagomea ushuru, mchukuzi anagomea ujira, mwenye duka anagomea leseni. Ukipita barabarani unaona umati mmoja. Ukikaa nao jioni unasikia madai matatu, na mengine yanagongana.

Abushiri aliingia katika umati huo. Alikuwa wa ukoo wa Harthi, Waarabu wa zamani wa pwani hii waliokuwa na uhasama wa miaka mingi na ukoo wa kifalme wa Busaidi. Baba yake Mwarabu, mama yake wa asili ya Oromo. Aliwahi kuongoza misafara bara, kisha akatulia na shamba la miwa jirani na Pangani. Kwa hiyo anayesema alikuwa mgeni akosoe kauli yake. Na anayesema alikuwa mtumishi wa Sultani wa Unguja akosoe pia, maana kumpinga sultani kulikuwa kwake jambo la ukoo, na alitangaza wazi kwamba hamtii tena.

Neno jemadari linatuponza. Katika zama za masultani, jemadari alikuwa mkuu wa askari wa kulipwa, anayeamriwa na kuamrisha. Abushiri hakuwa na jeshi la namna hiyo. Alikuwa na watu wake wa shambani, ndugu, Waarabu wa kukodi, wapagazi na watoro, na wengi wao walikuwa na sababu zao kabla hawajamjua. Saadani alikuwepo Bwana Heri bin Juma, mkubwa wa Wazigua wa pwani ile, ambaye hakuwa chini ya Abushiri kwa lolote na aliendelea kupigana baada ya Abushiri kunyongwa, mpaka akasalimu amri Aprili 1890. Kilwa nako walisimama wenyewe, wakawaua maofisa wawili wa kampuni mwezi ule ule wa Septemba. Wajerumani walilibandika jina la Abushiri juu ya vyote hivyo, wakaviita uasi wa Waarabu. Jina hilo liliwafaa, na sababu yake nitaifikia.

Kama mpiganaji, alikuwa na sura mbili na sioni haja ya kuficha hata moja. Mwaka huo wa 1888 aliwakamata wasafiri wawili, Hans Meyer na Oscar Baumann, waliokuwa wakirudi kutoka Usambara. Akawafunga minyororo, akawaachia baada ya fidia ya rupia 10,000. Meyer huyo ndiye aliyefika kileleni Kibo, mlima Kilimanjaro, mwaka uliofuata, tarehe 6 Oktoba 1889. Bagamoyo, alipouzingira mji, Abushiri aliiacha misheni ya mapadri Wafaransa bila kuigusa, na maelfu ya watu wa mji na vijiji walikimbilia uani mwa misheni hiyo wakanusurika. Lakini Januari 1889 wapiganaji wa upande wake waliivamia misheni ya Wajerumani Pugu, wakaua wamisionari na kuteka wengine. Anayemtaka awe shujaa huisimulia Bagamoyo. Anayemtaka awe shetani huisimulia Pugu. Alikuwa mtu wa vita, na kwake Mfaransa na Mjerumani hawakuwa kitu kimoja.

Mwisho wake nitaupitia haraka. Kampuni ilishindwa, serikali ya Ujerumani ikaingia. Bunge lao likatoa marki milioni 2, na ofisa wao Hermann Wissmann akaletwa akiwa na mamia ya askari Wasudani walioandikwa Misri, pamoja na wengine kutoka Msumbiji. Tarehe 8 Mei 1889 waliivunja boma ya Abushiri nje ya Bagamoyo, watu zaidi ya 100 wakafa, yeye akaponyoka. Saadani ikapigwa Juni, Pangani na Tanga Julai. Akaingia bara, akaishambulia Mpwapwa, akarudi na wapiganaji wa kabila la Wambunga ambao njiani waliwapora wanakijiji ambao hawakuwa na kosa lolote. Hapo ndipo watu wengi wa kawaida walipomchoka. Mwezi Desemba jumbe mmoja wa bara alimtoa kwa Wajerumani, akapelekwa Pangani kwa kamba.

Turudi kwenye watumwa, kwa sababu hapo ndipo yule wa pili barazani aliponyanyua sauti, na hakuwa na kosa kunyanyua. Pangani ya wakati ule iliishi kwa miwa. Muwa ukishakatwa haungoji: ukilala siku mbili tatu juani maji yake yanaharibika, basi lazima ukamuliwe na kuchemshwa upesi, usiku na mchana, watu wamesimama juu ya masufuria yenye moto mpaka maji yawe mazito. Kazi hiyo ilifanywa na watumwa. Abushiri alikuwa na shamba la miwa, na kwa hiyo alikuwa na watumwa. Mtu akikwambia hakuwa nao, anakudanganya kwa nia njema, na nia njema haimwondolei aliyekuwa pale mbele ya sufuria uchungu wake.

Lakini kauli kwamba vita vilikuwa vya kutetea utumwa ni Wajerumani walioisambaza, na walikuwa na sababu. Kupata zile marki milioni 2 bungeni kwao kulihitaji jambo ambalo watu wa dini na wa siasa wangelipigia kura pamoja. Kuokoa kampuni iliyofilisika hakukutosha. Kukomesha biashara ya watumwa kulitosha. Ndiyo maana jina la uasi wa Waarabu liliwafaa: katika masikio ya Ulaya ya siku hizo, Mwarabu na biashara ya watumwa ni neno moja. Ukiuita uasi wa Waarabu, mpagazi wa Kinyamwezi anapotea, Mzigua anapotea, mtoro anapotea.

Kipime kisingizio hicho kwa vitendo vyao. Biashara ya watumwa baharini Sultani Barghash alikuwa keshaipiga marufuku kwa mkataba wa 1873, miaka 15 kabla ya Nyundo kushuka Pangani. Na Wajerumani walipokwisha kuitwaa nchi, utumwa wenyewe hawakuufuta. Walichofanya ni kuweka sheria kwamba mtoto wa mtumwa atakayezaliwa baada ya mwaka 1905 atakuwa huru. Aliyekwisha kuzaliwa akaendelea kuwa mali ya mtu. Utumwa Tanganyika ulifutwa kwa sheria mwaka 1922, Wajerumani wakiwa wamekwisha kuondoka, chini ya Waingereza.

Kuna swali gumu kuliko yote, na ndilo linalonikosesha usingizi: kwa nini watumwa walipigana upande wa bwana mwenye watumwa? Jibu moja ni kwamba waliamriwa. Lakini haliwaelezi watoro, ambao hawakuwa na wa kuwaamuru. Utumwa wa pwani ulikuwa na dhuluma nyingi, ila ndani yake watu walikuwa wamejitengenezea nafasi kwa kuvutana na mabwana zao miaka na miaka. Mtumwa wa mjini aliweza kufanya kazi ya mshahara, akampa bwana fungu na kubaki na fungu. Neno kibarua tunalolitumia kila siku linatoka huko, kwenye cheti kidogo alichopewa mtu wa kazi ya kutwa. Wengine walisafiri bara na misafara wakarudi na mali yao na jina lao. Mtu wa namna hiyo akiona kampuni inashika forodha, inashika barabara za misafara, inataka karatasi kwa kila kiwanja, anajua kuwa kinachofungwa ni kile kimlango alichokuwa ametoboa mwenyewe. Kwa maoni yangu alikuwa akipigania kimlango hicho. Abushiri alikuwa mbele yake siku ile, basi.

Kwa hiyo nikiulizwa jemadari wa nani, nasema: wa watu waliokuwa na sababu nyingi kuliko zake. Hakuwa mzalendo wa Tanzania, kwa kuwa Tanzania haikuwepo hata ndotoni. Hakuwa kibaraka wa sultani. Hakuwa mkombozi wa watumwa. Alikuwa mwenye shamba wa Pangani aliyekataa nchi aliyoijua igawiwe kwa saini ya mtu wa ng'ambo, na kwa hilo alisimama mpaka kwenye kamba. Mimi ushujaa wake naukubali. Ninachokataa ni kuutumia kama pazia.

Kumbukumbu zetu wenyewe zilikuwa pana kuliko vitabu vya shule. Miaka ile ile ya vita, Hemedi bin Abdallah el-Buhriy, wa ukoo wa masheikh unaojulikana hapa Tanga, alitunga utenzi mrefu juu ya namna Wadachi walivyoitamalaki Mrima. Mle ndani kuna majina ya watu wengi na miji mingi, na mabishano ya wakubwa kabla ya kupigana. Abushiri yumo, ila hayumo peke yake.

Upande wa pili nao umebishania mtu wao. Mwaka 1909 Wajerumani walimsimamisha Wissmann kwa sanamu katikati ya Dar es Salaam. Baada ya vita vya kwanza vya dunia Waingereza waliiondoa, ikaishia Hamburg, ikasimamishwa chuoni mwaka 1922. Ilipofika 1967 na 1968 wanafunzi wa Kijerumani wenyewe wakaiangusha. Mahali ilipokuwa Dar es Salaam ndipo ilipo Sanamu ya Askari tangu 1927, pale Posta, ambapo watu hupita kila asubuhi wakiwahi kazini.

Haya yote nilimpelekea yule binti kwa karatasi, akayasoma kibarazani kwao, taratibu, akitumia kidole. Sikupata swali nililolitarajia juu ya Abushiri. Alitaka kujua kuhusu mtu mwingine, kijana wa shambani aliyemfuata bwana wake vitani 1888, akaponea. Aliishia wapi? Nikamwambia alirudi kwenye miwa, au alihama, au aliandikwa askari. Akachukua kalamu. Pembeni mwa ukurasa akaandika 1922, chini yake 1888, akapiga mstari na kutoa. Kama kijana huyo alikuwa na miaka 20, akasema, sheria ilimkuta ana miaka 54.